Kamera ya makala Lamu na Malindi: jinsi ya kuingia kazini na kudumu

Wapiga picha wengi wa Lamu na Malindi huanzia harusini. Harusi ni shule nzuri kuliko inavyosifiwa, kwa sababu bibi harusi hatoki mara mbili na anayekosa ile sekunde amekosa. Ila harusi ina ratiba. Makala na vipindi vya televisheni visivyo na skripti havina. Mvuvi hakwambii kwamba sasa anavuta wavu, na ndugu wawili hawakungoji uwashe kamera ndipo wagombane. Mpiga picha wa kazi hizi hulipwa kwa kukisia jambo linaloelekea kutokea na kuwa amesimama pale dakika tano mapema, sauti ikiwa tayari. Mengine yote ni vyombo.

Huku kwetu, mambo mengi huendeshwa na maji, upepo na adhana. Aliyezaliwa hapa anazo hizo kichwani, na hilo ni mtaji ambao mgeni huununua kwa siku zilizopotea.

Saa za kazi

Anza na maji. Kujaa na kupwa husogea takribani dakika 50 kila siku, kwa hiyo gati uliyopiga leo mashua zikielea saa mbili asubuhi, baada ya siku sita utaikuta saa hiyo hiyo ni matope. Wakati wa bamvua, mwezi ukiandama na ukiwa mpevu, tofauti huwa kubwa zaidi. Wakati wa maji mafu huwa ndogo. Ukienda Pate, Siyu au Faza, muulize nahodha mlango wa bahari wa Mkanda, ile njia nyembamba ya maji, utapitika saa ngapi, kisha panga siku nzima kuanzia hapo. Mtayarishaji akikuletea ratiba iliyoandikwa Nairobi bila safu ya maji, iongeze wewe.

Jua nalo. Lamu ipo takribani nyuzi 2 kusini mwa ikweta na Malindi nyuzi 3, hivyo jua hupanda na kushuka karibu wima. Mwanga laini wa asubuhi na jioni haukai. Likishazama, baada ya kama dakika 20 giza limeingia. Ukitaka jahazi likipita na mbingu nyekundu nyuma yake, uwe umeshachagua mahali, umeshafunga lenzi na umeshapatana na nahodha kabla ya saa kumi na moja na nusu jioni.

Saa sita mchana ufukweni Shela ni mbaya kwa sura ya mtu: macho huingia vivulini na mchanga huakisi mwanga kutoka chini. Usipoteze saa hizo hotelini. Ingia mitaani. Vichochoro vya Mkomani, mtaa wa mji wa kale wa Lamu, ni vyembamba, kuta zake ni za mawe ya matumbawe na nyingi zimepakwa chokaa, kwa hiyo jua la utosini hugonga ukuta mmoja na kurudi kwa mwingine likiwa laini kabisa. Watu wengi huamini mchana hakuna kazi, kumbe kwenye kichochoro ndiyo saa bora ya siku. Madaka na mabaraza hupata mwanga huo huo.

Upepo wa kusi, takribani Aprili hadi Septemba, huchafua bahari na kuharibu sauti. Kaskazi, Desemba hadi Machi, ni rahisi zaidi kwa kazi za majini. Kwa picha za chini ya maji Malindi, fuatilia mvua za bara kabla ya kuweka tarehe, kwa sababu mto Sabaki ukishuka na udongo maji huwa rangi ya chai ya maziwa na hakuna lenzi itakayokusaidia.

Vyombo, na kipi kinunuliwe kwanza

Mpangilio wa manunuzi wa wengi umekaa kichwa chini. Huanza na gimbali (mkono wa kutuliza kamera) na droni, wakamalizia na maiki. Geuza. Mhariri anaweza kuvumilia picha iliyotikisika ikiwa maneno yanasikika. Picha tulivu yenye sauti ya upepo huenda jalalani.

Cha kwanza ni hedifoni zilizofunga sikio, maiki mbili ndogo za nguoni zisizotumia waya, na maiki moja ndefu yenye manyoya ya kuzuia upepo. Kisha kamera yenye vichujio vya ND (vioo vya kupunguza mwanga) ndani na matundu ya XLR ya kuchomeka maiki. Lenzi moja ya 24–105 inatosha kazi nyingi za mchana. Ongeza moja ya 35 yenye mwanya wa f/1.8 (namba ya f ikiwa ndogo, mwanga huingia zaidi) kwa ndani ya nyumba na usiku. Tripodi iwe na kichwa cha mafuta kinachogeuka bila kukwaruza. Gimbali ije mwisho, na ukiikodi kwa siku mbili za mwaka inatosha.

Umeme wa Kenya ni wa hezi 50. Hivyo piga fremu 25 kwa sekunde, shata (muda wa kila fremu kupokea mwanga) 1/50 ya sekunde. Timu ya kutoka Marekani ikitaka fremu 30, shata ibaki 1/50 au iwe 1/100. Ukiweka 1/60 taa za dukani zitatoa mistari inayopanda na kushuka kwenye picha, na hutaiona kwenye kioo kidogo cha kamera hadi umerudi nyumbani. Taa za bei nafuu zenye kipunguza mwanga huleta mistari hata ukifuata kanuni hii, kwa hiyo rekodi sekunde tano, zitazame, kisha uendelee.

Hesabu ya ND ifanye mara moja uikariri. Jua kali, ISO (wepesi wa kamera kunasa mwanga) 800, shata 1/50: ukifunga mwanya hadi f/16 bado mwanga umezidi kwa stopu 4, na kila stopu ni mwanga mara mbili. Ukitaka f/4 ili mandhari ya nyuma ilainike, ongeza nyingine 4. Jumla ni stopu 8, yaani ND 2.4. Mchanga mweupe na ukuta wa chokaa huweza kudai moja zaidi. Sony FX6, ambayo timu nyingi huja nayo, ina ND ya ndani inayofika 1/128, yaani stopu 7 tu. Ndiyo maana ufukweni utajikuta umekwama f/5.6 na kushangaa. Kichujio cha kuzungusha kinachofungwa mbele ya lenzi kitaziba pengo, lakini ukikisukuma hadi mwisho kwenye lenzi pana hutoa msalaba mweusi angani.

Kanzu nyeupe juani na uso mweusi chini ya kofia ndio mtihani wa kila siku. Mwanafunzi hufungua mwanya hadi uso ung'ae, kanzu ikaungua ikawa karatasi. Anayeogopa kuunguza naye hufunga hadi uso uwe kivuli. Njia nyepesi ni kumsogeza mtu hatua mbili akae kivulini, mgongo kwenye giza la mlango, uso ukitazama ukuta unaoakisi. Kama hawezi kusogea na unarekodi kwa S-Log3, mpangilio wa rangi wa Sony, weka zebra (mistari ya kuonya mwanga uliozidi) kwenye 94, ambapo rangi hiyo hufika kikomo, funga hadi mistari iishe mabegani mwa kanzu, kisha mweleze mhariri kwamba uso utainuliwa baadaye. Kikikosekana kimojawapo, bora kanzu iungue kidogo begani kuliko macho yapotee.

Kupiga jambo linalotendeka

Chukua fundi wa Matondoni anayekalafati jahazi. Mgeni hupiga dakika 40 za mpana, picha inayoonyesha kila kitu kwa mbali, na kuondoka. Mhariri hapati pa kukata. Fanya hivi:

1. Mtazame bila kurekodi hadi ujue mzunguko wake: anasokota pamba, anaiingiza kwenye ufa kati ya mbao, anaigonga, anasogea. Huo ni mzunguko mmoja, na atarudia mara mia.
2. Rekodi mzunguko mzima kwa mpana, bila kukata, angalau dakika moja. Hiyo ndiyo sauti utakayotandika chini ya picha zote.
3. Mzunguko wa pili, mikono tu, karibu. Wa tatu, uso tu. Mikono ikifanya kazi uso una habari zake.
4. Wa nne, nyuma ya bega lake, mtazamaji aone anachokiona yeye.
5. Kisha tafuta picha moja isiyotarajiwa: kopo la sifa (mafuta ya samaki), mtoto anayemwangalia, chombo kizima kutoka chini ya mkuku.

Kila picha ikae sekunde kumi baada ya wewe kuona imetosha. Subiri mtu aingie kwenye fremu na umwache atoke. Anapotoka mhariri amepata mlango. Usipande na kushuka na zumu ukitafuta. Ukitaka kubadili ukubwa, badilisha haraka, tulia, hesabu tena.

Usimwambie fundi "rudia". Ukilazimika, patana kwanza na mkurugenzi, kwa sababu makala mengi yana msimamo wake kuhusu kuigiza tendo, na fundi aliyeambiwa arudie mara tatu huanza kuigiza siku nzima.

Vipindi vya uhalisia vina tabia nyingine. Mara nyingi kuna kamera mbili au tatu, mkurugenzi anakusemesha sikioni, na saa za kamera zote na rekoda huoanishwa asubuhi kwa fremu 25 na kurudiwa baada ya chakula, kwani huachana polepole. Mabishano yakizuka, mwenye kamera ya kwanza abaki kwa anayesema na wa pili aende kwa anayesikiliza. Kipindi huuzwa na uso wa anayesikiliza. Chagua upande mmoja wa mstari kati ya wasemaji na mkae nao nyote, la sivyo watu watatazamana visogo kwenye uhariri. Ukichanganyikiwa, panua fremu. Mpana usio na makosa huokoa tukio. Na usizime kwa sababu maneno yamekwisha. Kimya baada ya ugomvi ndicho atakachokiomba mhariri.

Mahojiano na sauti

Msikiti hauko mbali popote Lamu, na vipaza sauti havikosi. Usianze mahojiano ya saa nzima dakika 20 kabla ya adhuhuri au alasiri. Hata kama mhojiwa yuko radhi kuendelea, adhana ikisikika nyuma ya maneno yake kila mkato utasikika ukiruka, na adhana iliyokatwa katikati itawaudhi wasikilizaji wenye haki ya kuudhika. Simama, acha imalizike, na mpe nafasi anayetaka kwenda kuswali.

Zima feni. Zima friji, na weka funguo zako ndani yake ili usiondoke na kuacha samaki wa watu waoze. Rekodi kwa 48 kHz, biti 24, vilele vikicheza karibu na -12 dB. Mkimaliza, waombe wote wanyamaze sekunde 30 urekodi ukimya wa chumba. Bila huo mhariri hana cha kuzibia mashimo.

Maiki ya nguoni ikae ndani ya ukosi wa kanzu, waya ukikunjwa duara dogo na kubandikwa kwa tepu ili mvuto usifike kwenye maiki. Chini ya buibui au mtandio kitambaa husugua na kutoa sauti kama ya mchwa. Bandika tepu pande zote mbili na jaribu akigeuza shingo. Mwanamke ajifunge mwenyewe kwa maelekezo, au afungwe na mwanamke wa timu. Hapa kuna nafasi ambayo haijajazwa: upande wa wanawake harusini, jikoni, na ndani kabisa ya nyumba za Waamu hauingiliki na mwanamume mwenye kamera. Binti anayejua kazi hii ana milango ambayo timu za nje haziwezi kuifungua.

Chumvi, mchanga, mashua

Kamera ikitoka chumba chenye kiyoyozi hadi hewa ya pwani hufunga ukungu kwenye kioo, na ukiifungua lenzi wakati huo unyevu huingia ndani. Iache kwenye begi lililofungwa dakika 30 hivi ndipo utoe. Usibadilishe lenzi ufukweni. Ingia hata kwenye daka la mtu, baada ya hodi. Kila jioni, kitambaa kilicholowa maji baridi kidogo na kukamuliwa, pangusa mwili wa kamera na vitufe, kisha kikavu. Lenzi ianze kwa kipulizio, kwa sababu ukifuta kabla ya kupuliza unasugua kioo kwa chumvi.

Kwenye mashua tripodi haina kazi. Keti katikati, miguu ikiwa imetanuka, viwiko mwilini, lenzi pana, na uache kiuno kifuate wimbi. Kamera yenye kituliza-picha ndani ya mwili wakati mwingine hupambana na mwendo wa chombo na kuruka ghafla mwishoni mwa kila wimbi. Ijaribu ikiwa imezimwa. Muulize nahodha tanga litageuzwa lini na upande gani, maana foromali (mti unaobeba tanga) hairudii kuomba radhi.

Betri za ndani ya ndege ni suala la sheria. Zisizozidi saa-wati (Wh) 100 hubebwa mkononi, ncha zikiwa zimefunikwa; kati ya 100 na 160 hutakiwa kibali cha shirika na mwisho wa akiba ni mbili; zaidi ya hapo hapana. Ndiyo sababu betri kubwa huandikwa Wh 98. Ndege ndogo za kwenda Manda, kisiwa chenye uwanja wa ndege wa Lamu, hubana mizigo, kwa hiyo tripodi na taa zipitie barabara ya Malindi, Garsen, Witu hadi Mokowe siku moja kabla, kisha boti. Panga muda wa vizuizi vya usalama njiani. Mjini Lamu hakuna gari la kukusubiri mlangoni: patana na mahamali au mwenye punda, na sanduku lolote linalozidi kilo 20 ligawe.

Ruhusa

Kurekodi filamu Kenya kunahitaji leseni chini ya Sheria ya Filamu na Maigizo, Sura 222. Ngome ya Lamu na magofu ya Gede yako chini ya Makumbusho ya Taifa, na ruhusa yake ni tofauti. Mbuga za baharini za Malindi na Watamu ni za Shirika la Wanyamapori, KWS. Droni inadhibitiwa na Mamlaka ya Usafiri wa Anga kwa kanuni za 2020, na eneo hili lina uwanja wa ndege wa Manda, bandari mpya na kambi za ulinzi. Usiirushe kwa kubahatisha. Hata ukiwa na kibali, kumbuka darini na kiwandani (ua wa ndani) mwa nyumba za Lamu ndipo wanawake hukaa bila buibui. Kuruka juu ya mapaa ni sawa na kuchungulia.

Fomu ya idhini iwe ya Kiswahili, isomwe kwa sauti, na mhusika arekodiwe akisema jina lake na kukubali. Sheria ya Ulinzi wa Data ya 2019 inataka mzazi au mlezi akubali kwa niaba ya mtoto. Picha ya mtaa ianze kwa mzee wa mtaa, si kwa kamera.

Kupanda ngazi, na malipo

Njia ya kawaida ni msaidizi wa kamera, kisha mtunza data, kamera ya pili, halafu mpiga picha mkuu. Mtego wa huku ni ufiksa, yaani kuwa mwenyeji anayezipangia timu za nje mambo yao. Timu za nje zitakupigia kwa sababu unajua boti na wazee, watakulipa vizuri, na miaka mitano ikipita hakuna anayekumbuka kwamba unapiga picha. Kubali kazi hiyo kwa sharti la siku moja au mbili za kamera ya pili zilizoandikwa kwenye mkataba.

Video yako ya kujitambulisha isizidi dakika mbili, na pembeni weka tukio moja kamili la dakika tatu au nne lenye sauti yake halisi, lisilo na muziki. Mtayarishaji wa makala huangalia hilo la pili. Machweo ya Shela anayo tayari.

Utunzaji wa data ndiyo kazi ya kwanza utakayopewa na ya kwanza utakayofukuzwa nayo. Megabiti (Mb) 100 kwa sekunde ni GB 45 kwa saa. Mb 250 ni GB 112.5. Saa tano kwa siku, siku sita, kwa kiwango cha chini: TB 1.35, na nakala mbili ni TB 2.7. Tumia programu inayolinganisha faili baada ya kunakili, si kuburuta tu. Kadi isifutwe hadi nakala mbili zimethibitishwa na moja imelala nyumba nyingine.

Bei itenganishe mwili na vyombo: siku yako ya saa kumi, saa za ziada, kodi ya kamera, siku za safari, na fidia kazi ikivunjwa dakika ya mwisho. Nusu ilipwe kabla ya kusafiri. Mteja wa Kenya atazuia asilimia 5 ya ada ya utaalamu kwa ajili ya KRA. Mdai cheti cha makato hayo, na ankara yako itoke kwenye eTIMS, mfumo wa KRA wa ankara za kielektroniki. Sheria ya hakimiliki humpa aliyeagiza kazi haki yake msipoandika vinginevyo, kwa hiyo ruhusa ya kutumia sehemu ya picha kwa kujitambulisha iwe kwenye mkataba kabla hujawasha kamera.

Unapokabidhi diski, andika karatasi yenye idadi ya kadi, jumla ya GB na tarehe, mpokeaji atie sahihi. Ongeza mstari mmoja unaosema nakala yako utaifuta siku ngapi baada ya yeye kuthibitisha kwamba zinafunguka.